Kwa nini kompyuta hugeuza nusu inchi kuwa tarehe 1 Februari?

Huko Changamwe kuna duka la vifaa vya ujenzi ambalo mwenyewe twamwita Ami, wa damu na asiye wa damu. Miaka yote hesabu ya mali yake ilikaa kwenye madaftari yaliyojaa vumbi la saruji, mpaka mwaka 2025 wanawe walipomletea kompyuta. Akaketi nayo baada ya isha, akagonga kidole kimoja kimoja, akaingiza paipu zote za maji kwa saizi zake. Asubuhi simu yangu ikalia.

“Mwanangu, hebu pita hapa. Nimeandika paipu ya nusu, hili dude laniandikia Februari. Mimi na Februari wapi na wapi?”

Safu yake ya saizi ilikuwa imekaa hivi, kutoka juu kwenda chini: 01-Feb, 03-Apr, 1, 1 1/4, 1 1/2, 2, 4. Nusu inchi, aliyoiandika 1/2, imekuwa tarehe mosi Februari. Robo tatu, 3/4, imekuwa tarehe 3 Aprili. Nyingine zote salama. Nikawa najiandaa kumweleza, Ami akanitangulia kwa swali lililokuwa zuri kuliko alivyojua: “Na hii moja u nusu, mbona yenyewe imeachwa?”

Jibu la yote mawili limo katika ule mpigo wa kitufe cha Enter.

Lahajedwali, yaani programu ya kupanga hesabu katika safu na visanduku, iwe Excel, Google Sheets au LibreOffice Calc, haina tabia ya daftari. Daftari hupokea wino likanyamaza. Programu hii, ukishabonyeza Enter, huyasoma uliyoyaandika na kuamua ni kitu gani. Yakianza na alama ya sawasawa, ni fomula. Yakiwa tarakimu tupu, ni nambari. Yakiwa na sura ya tarehe, ni tarehe. Yasipofanana na chochote kati ya hivyo, ndipo huachwa yakabaki maandishi. Sasa, “1 1/2” ina nambari nzima, nafasi, halafu sehemu ya nambari, kama nusu au robo. Tarehe haiandikwi hivyo, basi ikasomwa moja u nusu, yaani 1.5. Lakini “1/2” peke yake ina sura mbili: yaweza kuwa nusu, yaweza kuwa siku na mwezi. Programu haimuulizi mwenyewe. Inachagua tarehe na kuendelea na safari.

Nadhani inachagua tarehe kwa sababu programu za aina hii zililelewa kwenye meza za wahasibu. VisiCalc ilitoka 1979, Lotus 1-2-3 ikafuata 1983, na Excel 1985. Mtu wa ankara, mishahara na mikopo huandika tarehe kutwa kucha, na sehemu haziandiki ila kwa nadra, kwa hiyo akarahisishiwa kile alichokihitaji zaidi. Muuza paipu hakuwamo kikaoni. Ukitaka nusu ya kweli, nusu inayoweza kuzidishwa na kujumlishwa, andika sifuri, acha nafasi, kisha 1/2. Ile sifuri huifanya ifanane na “1 1/2” na utata unakwisha.

Kabla sijafika, Ami alikuwa ameshajaribu kujitibu. Mjukuu wake alimwelekeza aichague safu nzima na kuibadilisha iwe maandishi. Zile tarehe zikatoweka kweli, na mahali pake zikakaa 45689 na 45750. Hapo ndipo alipoamini kompyuta ina wazimu.

Haina wazimu, ila ina siri. Tarehe unayoiona kwenye kisanduku ni kanzu tu. Mwilini mna nambari. Excel huhesabu siku moja moja tangu mwanzo wa 1900: tarehe 1 Januari 1900 ni siku ya 1, inayofuata ni ya 2, hivyo hivyo bila kukoma. Ami hakuandika mwaka, kwa hiyo programu ikamtilia mwaka uliokuwapo. Tarehe 1 Februari 2025 katika hesabu hiyo ni siku ya 45,689, na 3 Aprili ni siku ya 45,750. Toa moja kwa nyingine upate 61, siku zilizopo kati yake. Hiyo ndiyo faida ya mpango wenyewe: ukitaka kujua deni limekaa siku ngapi, ni kutoa tu.

Manahodha wa zamani wa pwani hii wasingeshangaa. Wao waliuhesabu mwaka wa jua tangu Nairuzi, siku ya mwaka mpya, kwa makumi ya siku, miongo, 36 kwa mwaka pamoja na siku 5 za kujazia, na kwa hesabu hiyo wakajua kaskazi yaingia lini na kusi lini. Ukitaja mwongo wa ngapi, nahodha ajua bahari itakavyokuwa bila kutaja jina la mwezi wowote. Excel yafanya karibu vivyo hivyo, ila haianzi upya mwaka ukigeuka. Saa nazo ni vipande vya siku: saa sita mchana ni 0.5. Tofauti ni kwamba siku ya kompyuta yaanza usiku wa manane, ilhali ya Mswahili imeshaanza tangu magharibi.

Na katika hesabu hiyo mna siku moja ya uongo. Siku ya 60 ya Excel ni 29 Februari 1900, siku ambayo haikuwahi kuwako duniani, maana 1900 haukuwa mwaka mrefu: mwaka unaogawanyika kwa 100 lazima ugawanyike kwa 400 pia. Kosa lilikuwa la Lotus 1-2-3, na Excel ikalichukua kwa makusudi ili mafaili ya programu mbili hizo yapatane. Mpaka leo limo.

Turudi kwa Ami. Alipobadilisha safu kuwa maandishi, kwa nini 1/2 yake haikurudi? Kwa sababu haipo tena. Pale alipobonyeza Enter, programu iliweka 45689 na kuyatupa yale aliyoyaandika. Kubadilisha umbizo, yaani sura ya kuonyeshea, baadaye ni kumvua mtu kanzu. Atabaki yule yule.  Hapo ni kuandika upya.

Madhara hayaishii kwenye sura. Ami alipopanga orodha kwa saizi, kutoka ndogo kwenda kubwa, paipu ya inchi 1 ilikaa juu, zikafuata nyingine mpaka ya 4, na chini kabisa zikakaa nusu inchi na robo tatu, kwa kuwa 45,689 na 45,750 ni kubwa kuliko 4. Na akitafuta bei ya nusu inchi kwa 1/2 iliyohifadhiwa kama maandishi, fomula itamjibu kuwa hakuna kitu kama hicho dukani.

Dawa, basi, hupewa kabla ya ugonjwa. Chagua safu ikiwa bado tupu, bonyeza Ctrl na 1, chagua Text, ndipo uanze kuandika. Kwenye Google Sheets ni menyu ya Format, halafu Number, halafu Plain text. Kama ni kisanduku kimoja au viwili tu, tanguliza ritifaa: '1/2. Ritifaa hiyo haionekani kwenye kisanduku wala haichapwi. Kazi yake ni kuiambia programu ikae kimya. Wakati mwingine Excel itaweka kipembe cha kijani pembeni kulalamika kwamba nambari imehifadhiwa kama maandishi. Kiache kilalamike. Angalizo ni moja tu, kwamba maandishi hayajumlishwi, kwa hiyo usiifanyie hivyo safu ya bei.

LibreOffice ina njia ninayoipenda zaidi. Nenda Tools, Options, kisha mahali pa lugha, utakuta kijisehemu kiitwacho Date acceptance patterns. Pale pana sura ambazo programu imekubali kuziita tarehe, kwa mfano D/M/Y;D/M. Futa ile D/M. Tangu hapo 1/2 haitageuzwa tarehe, ilhali 1/2/2025 bado itajulikana. Hivi ndivyo jambo hili lingefaa kuwa kila mahali: mwenye programu amwachie mtumiaji aamue ni kipi kinachofanana na tarehe.

Excel haina swichi ya namna hiyo, na ile iliyo nayo ilipatikana kwa tabu. Wanasayansi wa jenetiki walikuwa na jeni zilizoitwa MARCH1 na SEPT2, na kila walipoziingiza zikawa 1 Machi na 2 Septemba. Utafiti uliochapishwa 2016 ulikuta takribani moja ya tano ya makala za jenetiki zilizoambatishwa orodha za jeni katika Excel zina makosa ya aina hiyo. Mwaka 2020 kamati ya kimataifa inayotoa majina ya jeni za binadamu ikasalimu amri: MARCH1 ikawa MARCHF1, SEPT2 ikawa SEPTIN2. Yaani ilikuwa rahisi kuzibatiza jeni upya kuliko kusubiri programu ibadilike. Mimi bado naliona hilo ni aibu.

Oktoba 2023 ndipo Microsoft walipoleta mpangilio wenyewe. Katika Excel ya Windows ni File, Options, Data, na hapo pana sehemu ya Automatic Data Conversion. Waweza kuizuia isiondoe sifuri za mbele, jambo linalotuhusu sana sisi wa nambari za simu zinazoanza na 07. Waweza kuizuia isifupishe nambari ndefu, na isigeuze herufi zilizogandana na tarakimu kuwa tarehe. Lakini soma vizuri: zilizogandana. JAN1 itaachwa, ila JAN-1 bado yaweza kugeuzwa, na 1/2 ya Ami haimo kabisa. Kwake yeye ritifaa ilibaki kuwa ritifaa.

Lililo baya kuliko hayo yote halipigi kelele. Sisi Kenya twaandika siku kwanza, mwezi baadaye. Wamarekani hutanguliza mwezi. Kompyuta nyingi huja zimewekwa kwa mtindo wa Marekani na hakuna anayezigusa. Ukifungua faili la CSV, yaani orodha iliyohifadhiwa kama maandishi matupu, lenye 3/4/2025 kwenye kompyuta ya namna hiyo, unapata 4 Machi, na hakuna kitakachokushtua, kwa sababu ni tarehe halali. Ila 13/4/2025 haiwezekani, kwani mwezi wa 13 haupo, basi huachwa ikawa maandishi. Hapo ndipo pa kuigundua. Kwa kawaida tarehe na nambari huegemea kulia kwa kisanduku, maandishi huegemea kushoto. Ukiona safu moja, nyingine zimeegemea huku na nyingine kule, usitume hesabu hiyo kwa mtu. Nenda kwenye mipangilio ya eneo ya kompyuta, weka Kenya, kisha lifungue faili upya. Na faili la CSV lenyewe usilibofye mara mbili. Ndani ya Excel pitia menyu ya Data, kisha From Text/CSV, uiambie kila safu ni ya aina gani kabla haijaingia.

Ami alikuwa na lalamiko la pili: ankara aliyompa mteja Januari, akiifungua leo yasema leo. Aliyemtengenezea alitumia fomula ya =TODAY(), ambayo kila faili likifunguliwa huangalia kalenda upya. Inafaa kwa kuhesabu siku za deni, haifai kwa ankara. Bonyeza Ctrl na nukta mkato, tarehe ya leo itaandikwa na kukaa hivyo hivyo. Na ukivuta kona ya kisanduku chenye tarehe kuelekea chini, ikaanza kuongeza siku moja moja usiyoitaka, shikilia Ctrl huku unavuta.

Ajabu ni kwamba Kiswahili chenyewe ni kinga. Programu ikiwa imewekwa kwa Kiingereza, ukiandika “5 May” hugeuka tarehe, lakini “5 Mei” hupita bila kuguswa, kwa sababu Mei haijui.

Ami alilishika hilo kuliko yote niliyomweleza. Akaifuta safu nzima ya saizi, akaiandika kwa maneno: nusu, robo tatu, moja, moja u robo, moja u nusu, mbili, nne. Mafundi wakija dukani ndivyo wanavyosema, na hakuna kompyuta itakayoziita tarehe. Kisha akabofya kitufe cha kupanga. Programu ikapanga kwa alfabeti: mbili, moja, moja u nusu, moja u robo, nne, nusu, robo tatu. Nusu inchi bado imekaa chini ya inchi nne.