Mang'ati maana yake adui

Kosa langu la kwanza katika kazi hii ya utafiti wa lugha nililifanya mnadani, wilayani Chemba, dodoso mkononi na kalamu inakaribia kuishiwa wino. Mzee mmoja alikuwa amesimama na ng'ombe wake wanne, shuka begani, ameegemea fimbo. Nikampa shikamoo, tukaongea habari za bei na mvua, kisha pale palipoandikwa "kabila" nikajaza mwenyewe bila kumuuliza: Mmang'ati. Kwetu Singida ndivyo tulivyowaita tangu utotoni. Mzee akachungulia karatasi.

"Futa," akasema. "Andika Mdatooga. Mang'ati ni wewe ukija usiku kuniibia hawa ng'ombe."

Alikuwa sahihi kabisa. Mang'ati ni neno la Kimaasai, na maana yake ni adui. Wamaasai na Wadatooga waligombania malisho na maji kwa vizazi vingi, na sisi majirani tukaliokota jina kutoka kinywani mwa upande mmoja wa ugomvi. Likaingia kwenye Kiswahili, likaingia kwenye ramani, na leo wapo wanaolitamka bila chuki yoyote, kama ninavyosema mimi "kiti" au "meza". Aliyeitwa hivyo hajasahau.

Kazi yangu ni lugha. Naishi Dodoma mjini, na utafiti wangu uko kwenye barabara ya kwenda Kondoa hadi Babati, na vijiji vya pande zake mbili. Wageni wanaodhani kanda ya kati ni vumbi, zabibu na Bunge huwa nawaambia wapande basi la asubuhi waelekee kaskazini. Mwaka 1963 Joseph Greenberg, mwanaisimu wa Marekani, alizigawa lugha za Afrika katika familia kuu nne, na huku kwetu zote nne zinakutana. Wagogo, Warangi, Wanyaturu na Wanyiramba ni Wabantu. Waburunge, Waalagwa, Wagorowa na Wairaqw ni Wakushi, ndugu wa mbali wa Wasomali na Waoromo kwa lugha. Wadatooga ni Waniloti, na lugha yao ina undugu na Kikalenjin cha Kenya. Halafu kuna Wasandawe, magharibi ya barabara hiyo, na Wahadza karibu na Ziwa Eyasi, ambao lugha zao zina vidoko: sauti zile za kufyonza ulimi, kama unapomsikitikia mtu au unapomhimiza punda.

Greenberg aliwaweka Wasandawe na Wahadza katika kapu moja na Wasan wa Kalahari kwa sababu ya vidoko hivyo. Wanaisimu wengi wa leo hawakubali. Kisandawe huenda kina undugu na baadhi ya lugha za kusini, ila Kihadza hakijapatiwa ndugu popote duniani. Kwa maoni yangu kuzipanga lugha kwa vidoko peke yake ni sawa na kuwapanga watu kwa kofia.

Turudi kwenye majina, maana ndiyo yaliyonikalia kichwani tangu siku ile ya mnada. Nilipoanza kuhesabu, niligundua kwamba karibu kila kabila la huku linajulikana nje kwa jina lililopewa na jirani au mpita njia. Wahadza waliitwa Watindiga. Na hata tunapojitahidi kuwa waungwana tukasema "Wahadzabe" tunakosea kidogo, kwa kuwa hiyo "be" ya mwishoni tayari ni wingi kwa lugha yao. Tumeweka wingi mbele na wingi nyuma. Wagorowa waliandikwa Wafiomi. Wairaqw wanaitwa Wambulu kwa jina la Mbulu. Hao hao Wadatooga, ukifika kwa Wasukuma na Wanyamwezi utasikia ni Wataturu. Wamaasai wa upande wa Ugogo, wanaojiita Ilparakuyo, Wagogo huwaita Wahumba. Waalagwa huitwa Wasi, na nimewahi kumwona karani akiandika "Waasi", kosa la herufi moja ambalo zamani lingeweza kumpeleka mtu pabaya.

Mimi mwenyewe ni Mnyaturu kwenye karatasi. Nyumbani, bibi yangu hakulitumia jina hilo. Alisema sisi ni Arimi.

Wagogo ndio mfano ninaoupenda kuliko yote. Katika karne ya 19 njia kuu ya misafara kutoka Bagamoyo kwenda Unyanyembe, Tabora ya leo, ilikatiza Ugogo, nchi kame ambako maji yana mwenyewe. Mtemi wa kila eneo alidai hongo kabla msafara haujanywa wala kupita: nguo, shanga, nyaya. Burton na Speke, wavumbuzi wa Kiingereza, walilipa walipopita 1857, na Wazungu waliowafuata walilipa huku wakinung'unika kwenye shajara zao. (Hongo ile ilikuwa ushuru wa halali, ikidaiwa mchana kweupe. Neno lenyewe limeporomoka baadaye, nalo nalionea huruma.) Sasa, msafiri mgeni akitaka kujua watu wa mbele ni akina nani, alimuuliza nani? Alimuuliza mpagazi wake, mara nyingi Mnyamwezi. Na inasimuliwa kwamba ni Wanyamwezi hao waliowaita wenyeji Wagogo, kwa sababu ya magogo yaliyolala njiani. Mpagazi akasema, Mzungu akaandika, ramani ikachapwa.

Ukiwauliza Wagogo wenyewe kuhusu koo zao, hadithi inabadilika. Ukoo huu utakwambia babu yao alitoka Uhehe. Ule utasema Ukaguru, mwingine Unyamwezi. Walikutana kwenye nyika hii, wakafuga ng'ombe, wakajenga tembe za paa bapa la udongo, wakaoana, lugha ikawa moja yenye lahaja zake: Cinyambwa magharibi, Cinyaugogo katikati, Citumba mashariki. Kila eneo lilikuwa na mtemi wake wa mvua. Mfalme wa Wagogo wote hakuwapo mpaka Waingereza walipokuja na utawala wao wa kupitia machifu miaka ya 1920, uliotaka kila kabila liwe na jina moja, mpaka mmoja na mkuu mmoja. Serikali huru ikaufuta uchifu 1963. Jina likabaki, nao wamelipokea. Simama leo kwenye mkutano wowote Dodoma utoe salamu yao, "Mbukwenyi!", uone uwanja unavyoitikia. Jina la kupewa limekuwa la kwao, na sioni haja ya mtu wa nje kulisahihisha.

Jambo hili si la Waafrika peke yao. Waberber wa kaskazini wanajiita Imazighen. "Berber" inatokana na neno la Wagiriki kwa mtu asemaye lugha isiyoeleweka. Warusi huwaita Wajerumani "nemtsy", neno lenye asili moja na lile la bubu. Hata watu wa Wales walipewa jina hilo na Waingereza, na kwa asili lilimaanisha wageni, wakiwa kwenye nchi yao wenyewe.

Nami sidhani kwamba jina la ndani ndilo "la kweli" siku zote, kwa sababu mipaka yenyewe inavuja. Chukua Kirangi. Ni Kibantu bila shaka yoyote, lakini Mrangi akisema jambo atakalolifanya karibuni, kitenzi kikuu hutangulia na kisaidizi hufuata, kinyume cha desturi ya Kibantu. Wambugwe, jirani zao wa kaskazini, hufanya vivyo hivyo. Baadhi yetu tunaona humo mkono wa Wakushi waliokaa nao karne nyingi. Na upande wa pili, Waalagwa wengi wa Kondoa sasa wanalea watoto kwa Kirangi. Mtoto wa namna hiyo ni nani? Tangu sensa ya 1967 serikali haijauliza kabila la mtu, na uamuzi huo nauunga mkono. Mtafiti hana budi kuuliza, ila aulize vizuri.

Kwa hiyo nililibadilisha dodoso langu. Mstari wa "kabila" nikaufuta, nikaweka maswali matatu: unajiitaje, majirani wanakuitaje, na nyumbani mlikua mkisema lugha gani. Safari iliyopita nilimpa mama mmoja wa Kolo, jirani na ile milima ya michoro ya miambani iliyoingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2006. Swali la kwanza akaandika neno moja: Mwalagwa. Kwenye la pili akaanza na la Warangi, akaongeza la Waburunge, la shuleni, la ukweni, la sokoni Kondoa. Nafasi ikaisha. Akainua kichwa.

"Mwanangu, nyuma ya karatasi panaandikwa?"