Kukiuka Sheria: Hakuna Kilichovunjika, Lakini Kosa Lipo

Sisi wakalimani wa mahakama hapa Nairobi tunasikia lalamiko lile lile kila wiki: “Mbona mnasema nimevunja sheria na sijagonga mtu, sijavunja hata kioo?” Dereva wa matatu aliyepanda njia ya wapita miguu ili akwepe msongamano wa Barabara ya Jogoo huyasema hayo kwa moyo mweupe. Namwamini. Neno ndilo lililompoteza.

Kuvunja tumekuzoea: tunavunja chungu, ahadi, hata ndoa. Ila neno linalolieleza kosa lake vyema zaidi ni kukiuka, na maana yake ya kwanza ni kupita juu ya kitu, kukivuka kwa hatua au kwa kuruka. Mtu amenyosha miguu mkekani, nawe ukapitisha mguu wako juu yake: umeikiuka. Hakuna kilichovunjika. Sheria nayo ni mpaka: ukiikiuka, mpaka uko pale pale. Wewe ndiye umeingia upande usio wako. Kuhalifu nako, neno lililotupa mhalifu, kumetoka katika Kiarabu, na maana yake ni kwenda kinyume. Hapo pia hakuna habari ya hasara. Kwa hiyo, tafadhali, “sikugonga mtu” si utetezi. Nimeitafsiria mahakama sentensi hiyo mara nyingi mno.

Mipaka yenyewe imeandikwa. Katika Kanuni za Makosa Madogo ya Trafiki za mwaka 2016, kuendesha gari kwenye njia ya wapita miguu ni shilingi 5,000. Kutotii alama ya barabarani, 3,000. Abiria asiyefunga mshipi, 500. Ukizidisha mwendo kwa kilomita 1 hadi 5 kwa saa ni onyo. 6 hadi 10, shilingi 500. 11 hadi 15, 3,000. 16 hadi 20, 10,000. Ukipewa ilani ya kosa na polisi, soma kosa lililoandikwa kabla ya kutazama kiasi. Unaweza kukiri na kulipa, au kukana na kufika mahakamani tarehe uliyopewa. Makala haya hayachukui nafasi ya wakili.

Ukikana, zungumzia mpaka: alama ilikuwepo? Ilionekana? Ni wewe uliyepita? Hadi kosa lithibitishwe, unahesabiwa huna hatia. Na kama lugha ya mahakama inakupiga chenga, mwambie hakimu kabla hujajibu shtaka. Ibara ya 50 ya Katiba inakupa mkalimani bila malipo.