Konokono wa bahari anayeishi mahali bahari haifiki

Konokono ninayempenda kuliko wote wa ufukweni ana urefu wa milimita 5 hivi. Akifika 9, huyo ni jitu. Jina lake la kisayansi ni Melarhaphe neritoides. Linnaeus, Mswidi aliyeweka utaratibu wa kuwapa viumbe majina ya kisayansi, alimweleza mwaka 1758, na leo ndiye spishi pekee iliyo hai katika jenasi yake. Gamba lake ni laini, limechongoka kileleni, jeusi lenye kivuli cha buluu au zambarau. Utamkuta kwenye miamba ya pwani za Ulaya, kuanzia Norwei hadi Ureno, katika Bahari ya Mediterania, na kwenye visiwa vya Azores, Madeira na Kanari.

Jamaa zake ni wa baharini, lakini yeye hukaa juu ya mstari wa maji kujaa, kwenye ukanda unaoloweshwa na manyunyu ya mawimbi tu. Zikija siku za maji mafu na bahari ikatulia, hukaa muda mrefu bila kuguswa na tone. Jua humchoma, mvua humletea maji yasiyo na chumvi, na maji yaliyobaki kwenye mwamba yakikauka humwachia chumvi kali. Ndiyo maana huwa wengi zaidi, na huishi juu zaidi, kwenye miamba inayopigwa sana na mawimbi kuliko kwenye ghuba tulivu: pale manyunyu hupanda mbali.

Mwamba ukikauka, huurudisha mguu ndani na kuziba mlango wa gamba kwa kifuniko kigumu. Haanguki, kwa sababu kabla ya kujifunga hubandika ukingo wa gamba kwenye mwamba kwa ute unaokauka na kushika kama gundi. Ute huo una faida nyingine ambayo watu husahau: mwili hauligusi tena jiwe, hivyo joto la jiwe halipiti moja kwa moja kwenye nyama. Hapo hungoja. Mwamba ukilowa, hutoka na kula kwa ulimi wake wenye safu nyingi za meno, saba kila safu, akikwangua kuvumwani (ule utando wa kuvu na mwani walioungana), mwani wa kuonekana kwa darubini na sianobakteria, yaani bakteria wanaojitengenezea chakula kwa mwanga.

Anafikaje huko juu? Mwaka 1927 mwanazuolojia Gottfried Fraenkel alieleza kanuni zinazomwongoza, na kila nikizifikiria nazistaajabia upya. Ya kwanza ni kupanda. Ya pili ni kuukimbia mwanga. Kwa hizo mbili peke yake angekwea mpaka kwenye ufa wa kwanza wenye giza, na kama ufa huo uko chini ya maji, angebaki humo. Hapo ndipo inapoingia ya tatu: akiwa majini na mwili wake umepinduka, gamba likining'inia chini, hugeuka na kuufuata mwanga. Basi huingia katika ufa akitambaa sakafuni, hukwea ukuta wa ndani, hufika darini, na akiwa huko darini hutoka nje na kuendelea kupanda. Lakini akiwa hewani, hata akipinduka, huendelea kuukimbia mwanga. Ufa ulio juu ya maji humpokea na kumweka. Mnyama mwenye mishipa michache ya fahamu, asiyejua lolote kuhusu ramani ya ufukwe, hufikishwa mahali panapomfaa.

Hata hivyo bahari hawezi kuiacha. Dume na jike hujamiiana juu ya mwamba, lakini mayai lazima yaingie majini. Mwanabiolojia Marie Lebour, aliyefanya kazi Plymouth, Uingereza, alieleza uzazi wake mwaka 1935: jike hutoa vifuko vya mayai vidogo mno vinavyoelea. Averil Lysaght, aliyewachunguza kwenye ukuta mkubwa wa kukinga mawimbi wa Plymouth, aliandika mwaka 1941 kwamba huko hutaga kila baada ya majuma mawili hivi, wakati wa bamvua, maji yanapojaa kupita kawaida, kuanzia Septemba hadi Aprili. Mpango huo una maana kubwa. Bamvua na dhoruba za majira ya baridi ndizo zinazoifikisha bahari kwenye nyufa za juu. Wakati mwingine wowote mayai yangekauka palepale.

Lava, yaani kichanga wa konokono, akianguliwa huogelea kwa vinyweleo miongoni mwa planktoni, viumbe wadogo wanaoelea baharini, kwa majuma kadhaa, akila na kusukumwa na mikondo. Wengi sana hufa. Anayebahatika kutua kwenye mwamba huwa mdogo hata jicho halimwoni vizuri, na huhitaji kificho. Huko Wembury, Devon, utafiti wa Vera Fretter na mwenzake uliochapishwa mwaka 1977 ulionyesha jinsi vichanga hao wanavyotumia magamba matupu ya wale jamaa wa kaa wanaoganda kwenye miamba na vyombo vya baharini. Kutoka hapo ndipo safari ya kupanda huanza.

Linganisha na konokono mwingine, Littorina saxatilis, jirani yake. Huyo huzaa watoto waliokwisha kuwa konokono kamili, nao huanza kutambaa karibu na mama. Hahitaji kungoja bamvua. Ila watoto wake hawaendi mbali, na kwa hiyo makundi yake hutofautiana sana kutoka ghuba hadi ghuba. Lava wa Melarhaphe husafiri kwa mikondo, na nadhani ndiyo sababu anaonekana yuleyule katika eneo kubwa hivyo.

Ukitaka kumwona, nenda maji yakiwa yamekupwa, tafuta ule ukanda mweusi wa kuvumwani kwenye mwamba, kisha chunguza nyufa kwa kioo cha kukuzia. Usimbandue aliyejigandisha. Mwagia maji ya bahari kidogo na usubiri dakika chache. Kifuniko kitafunguka na utamwona akitoa pembe.