Nani hasa huendesha kipindi cha burudani?
Wengi huamini kuwa mtangazaji wa kipindi cha burudani kwenye runinga ndiye anayechagua wageni, kupanga nyimbo na vichekesho, na kuamua lini waende matangazo ya biashara. Si ajabu, sura yake ndiyo tunayoiona. Lakini kwa kawaida kazi hiyo ni ya mtayarishaji, ambaye huanza mapema kushughulikia bajeti, wageni, mazoezi na mfuatano wa vipengele dakika kwa dakika. Msanii akichelewa, mtayarishaji ndiye hupanga upya ratiba. Kuchagua picha za kamera ni kazi ya mwongozaji, ingawa penye watu wachache mmoja hubeba yote mawili. Ukitaka kuhakiki, usizime runinga haraka: soma majina yanayopita mwishoni. Mtazame pia mtangazaji. Kile kidude sikioni si pambo, anaelekezwa.