Kasha Lililokunjiwa Miaka

Nikifika kwenye ngano za mwiko katika somo la fasihi simulizi, kuna swali halikosi, na mara nyingi linatoka viti vya nyuma: "Sasa mwalimu, kama hakutaka afungue, alimpa la nini?"

Anayesemwa ni Urashima Tarō, mvuvi wa Kijapani. Watoto wa Japani siku hizi wanasimuliwa hivi: Urashima anakuta watoto ufukweni wanamtesa kasa, anamwokoa. Kasa anambeba mgongoni mpaka Ryūgū-jō, kasri la mfalme joka chini ya bahari, na huko binti mfalme Otohime anamkirimu kwa vyakula na ngoma. Miaka mitatu inayeyuka. Siku moja anawakumbuka wazazi wake, anaaga. Otohime anamkabidhi kasha liitwalo tamatebako, kwa sharti moja: usilifungue. Anarudi kijijini, hamjui mtu wala hajulikani, kumbe juu huku imepita miaka 300. Anafungua kasha, moshi mweupe unamfuka usoni, na hapo hapo anakuwa kizee.

Darasa huwa linacheka, halafu linakasirika. Tenda wema nenda zako, sawa, lakini huyu katenda wema kalipwa mvi! Miiko ya ngano zetu, usigeuke nyuma, usifungue chungu, kwa kawaida inamwadhibu mlafi au mkaidi. Urashima kosa lake liko wapi?

Kwa toleo hilo la watoto sina jibu, maana limekatwa mahali. Inabidi turudi kwenye otogizōshi, hadithi fupi za zama za Muromachi (1336–1573). Humo hakuna watoto watukutu. Urashima ni kijana wa miaka 24 au 25, anamvua kasa mwenyewe kwa ndoana na kumrudisha majini. Baadaye anamkuta mwanamke peke yake kwenye mashua, anamsindikiza kwao, wanaoana. Huyo mke ndiye kasa. Miaka mitatu ya ndoa yao huku duniani ni 700. Kasha linapofunguliwa na mawingu ya zambarau kupanda, msimulizi anatia sentensi ambayo kwangu ndiyo ngano yenyewe: kasa, kwa hekima yake, alikuwa ameukunja umri wa Urashima na kuutia ndani ya kasha.

Ameukunja. Kitenzi cha Kijapani hapo, tatamu, ndicho wanachotumia kwa kukunja nguo. Mimi siwezi kukisoma bila kuliona kasha la bibi yangu, la mbao na misumari ya shaba: doti za kanga zimepangwa moja juu ya nyingine, mikunjo yake imekaa hata ukiitandaza kanga haikubali kunyooka, na ukifunua kifuniko harufu ya udi inakuwahi kabla macho hayajaona kitu. Bibi hakuwa akificha. Alikuwa akitunza, na vingine vilikuwa vya watu.

Sisi tunalo neno la jambo hilo: amana. Urashima hakuzeeka kule chini kwa sababu miaka yake ilikuwa ikivuliwa kila ilipomjia, ikikunjwa, ikiwekwa. Anapoamua kuondoka, mke hana haki ya kubaki na mali ya mtu. Anampa iliyo yake. Shida ni kwamba amana ya aina hii mwenyewe akiitandaza hana tena pa kusimama.

Vitabu vya shule vya Japani vilipoichukua ngano hii, ndoa iliondolewa, nadhani kwa ajili ya masikio ya watoto. Mke akawa mwenyeji mkarimu, na kasha likabaki zawadi ya kuagana yenye sumu ndani. Ndiyo maana viti vya nyuma vinalalamika, na vina haki.

Ukizidi kurudi nyuma, kasha linabadilika kazi. Nihon Shoki, kitabu cha historia cha mwaka 720, kinataja kisa hiki chini ya mwaka 478 kwa mistari michache tu, bila kasha lolote. Katika Fudoki, yaani kitabu cha habari na masimulizi ya jimbo, ya jimbo la Tango, ya karne ya 8, kasha lipo na linaitwa tamakushige, yaani kasha la vitana, kitu cha chumbani kwa mwanamke. Mke anamwambia: ukitaka kurudi kwangu, lishike sana na usilifungue. Humo basi lilikuwa nauli ya kurudia.

Shairi la Man'yōshū, diwani ya karne hiyo hiyo, linaeleza kwa nini alifungua, na si kiherehere. Anasimama palipokuwa kwao anajiuliza: miaka mitatu tu, hata ua wa nyumba umekwenda wapi? Anawaza kwamba akifungua kasha, nyumba itarudi kama zamani. Wingu jeupe linatoka, linaelekea kule alikotoka. Analikimbilia, anapiga kelele, anapunga mikono ya vazi lake, anagaagaa chini. Ngozi inakunjamana, nywele zinageuka nyeupe, pumzi inakatika. Mshairi anamaliza kwa kumwita mjinga. Mimi simwiti.

Mwenzangu wa fizikia hupenda kuniingilia hapa. Wajapani wana msemo "athari ya Urashima" kwa lile jambo la Einstein, kwamba aendaye kasi sana saa yake inakwenda polepole. Alinipigia hesabu nyuma ya karatasi ya mtihani: ili miaka 3 iwe 300, kasa alipaswa kuogelea kwa asilimia 99.995 ya kasi ya mwanga. Jambo lenyewe limepimwa. Mwaka 1971 wanasayansi wawili wa Marekani, Hafele na Keating, walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege za abiria, na zilizoelekea mashariki zilirudi zikiwa nyuma ya saa zilizobaki ardhini kwa nanosekunde (sehemu za bilioni za sekunde) 59 hivi. Sawa, nikamwambia, lakini msafiri wako akirudi kijana anabaki kijana. Miaka iliyompita haimdai. Kwenye karatasi yako kasha liko wapi?

Huko Ine, mkoa wa Kyoto, liko hekalu la Kishinto la Urashima, na mapokeo yake yanasema lilijengwa mwaka 825, mwaka aliorudi. Toa 478, mwaka ambao Nihon Shoki inakitaja kisa chake, unapata miaka 347.

Mwaka huu swali la viti vya nyuma lilikuja na nyongeza. "Kwa hiyo angekaa nalo bila kulifungua mpaka lini?"

"Mpaka arudi ufukweni," nikamjibu.

"Na kijijini alikuwa hana mtu?"

"Hana."

Akaandika kitu kwenye daftari, akakipigia mstari.