Je, wajua kwa nini polisi hudai amri ya mahakama kabla ya kulinda shamba lenye mgogoro?

Mkulima wa Njoro au Lurambi, nchini Kenya, anayekuta ua wake umeng'olewa usiku na jirani anayedai kipande cha shamba hukimbilia kituo cha polisi, na mara nyingi hujibiwa kwamba alete oda ya korti. Wengi huona kwamba wamefukuzwa. Jibu hilo lina msingi wa kisheria, ingawa si kila mara hutolewa mahali panapostahili.

Aliyepigwa, aliyetishiwa kwa panga au aliyechomewa nyumba hahitaji amri yoyote ili asaidiwe. Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011 inawapa polisi wajibu wa kulinda maisha na mali, na malalamiko ya namna hiyo yanapaswa kuandikwa mara moja katika kitabu cha matukio, ambacho wengi hukiita OB. Kumwambia mtu anayevuja damu aende kortini kwanza ni kumwonea.

Amri huhitajika pale ambapo polisi wakisimama upande mmoja watakuwa wameamua shamba ni la nani. Huku Nakuru si ajabu mmoja kushika hati miliki na mwenzake kushika cheti cha hisa cha kampuni ya ununuzi wa ardhi, kila mmoja akiamini kwa dhati kwamba amedhulumiwa. Mkuu wa kituo hana mamlaka ya kupima karatasi hizo. Kazi hiyo ni ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambayo msingi wake ni kifungu cha 162 cha Katiba na ambayo huketi Nakuru, Kisumu, Kakamega na kwingineko, au ya hakimu aliyepewa mamlaka hayo, mradi thamani ya shamba haizidi kiwango chake, ambacho kwa hakimu mkuu ni shilingi milioni 20.

Anayetaka ulinzi hufungua kesi na kuwasilisha ombi chini ya hati ya dharura, inayoeleza kwa nini jambo hilo lisisubiri, pamoja na hati ya kiapo inayoeleza vitisho vyenyewe, nambari ya OB na picha za uharibifu. Tangu kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973, anayeomba zuio la muda, yaani amri ya kumkataza mwenzake kufanya jambo wakati kesi ikiendelea, huonyesha kwamba kesi yake ina uzito, kwamba atapata hasara ambayo fidia ya fedha haiwezi kuiponya, na, mahakama ikiwa bado na shaka, kwamba mizani ya usumbufu inaelekea upande wake, yaani yeye ndiye atakayeumia zaidi zuio lisipotolewa. Zuio linalotolewa kabla upande wa pili kusikizwa halizidi siku 14, nalo likivunjwa, mkosaji anaweza kufungwa hadi miezi sita. Ombi la kwamba mkuu wa kituo fulani ahakikishe amri inatiiwa huandikwa waziwazi katika ombi hilohilo, na lisiposindikizwa na ushahidi wa tishio halisi huwa dhaifu, kwa kuwa jaji huogopa, kwa haki kabisa, bunduki za serikali kugeuzwa silaha ya mdai mmoja.

Kwa sababu hiyohiyo dalali anayetekeleza amri ya mahakama na kutazamia upinzani huomba mahakama impe ulinzi wa polisi chini ya Kanuni za Madalali za 1997. Anayetaka kuwaondoa watu waliokalia ardhi yake ya kibinafsi kinyume cha sheria naye hutakiwa kuwapa notisi ya maandishi ya miezi mitatu, na nakala yake kumfikia naibu kamishna wa kaunti na kamanda wa polisi wa eneo hilo. Polisi wanaofika siku ya kuwaondoa watu huja kulinda amani. Kubomoa nyumba au kuvuna mahindi ya mtu si kazi yao.

Amri ikishapatikana, nakala yenye muhuri wa mahakama hupelekwa kituoni, nayo nakala ya mwenye kesi hugongwa muhuri wa kupokelewa. Muhuri huo ni muhimu sana, kwa sababu mkuu wa kituo akikaa kimya, ndio utakaothibitisha kwamba aliijua amri, na hapo mahakama inaweza kumwita ajieleze kwa nini asiadhibiwe kwa kuidharau.