Kishi ni Nini? Ganda, na Kinachoganda Ndani Yake

Katika mikahawa ya Arusha na Moshi inayopokea wageni, na siku hizi hata katika shughuli za nyumbani za watu waliojifunza kuoka, huonekana chakula cha mviringo kinachokatwa vipande vya pembetatu mfano wa keki, lakini chenye chumvi badala ya sukari. Ukiuliza ni kitu gani utajibiwa kwa majina ya kubahatisha: pai ya mayai, piza ya mayai, na wengine husema keki ya chumvi. Jina lake ni kishi, ambalo Wafaransa huliandika quiche. Majina hayo ya kubahatisha si ya kubezwa, kwa sababu kila moja limeshika upande mmoja wa ukweli, ila hakuna hata moja linalomwezesha mtu kujua kwa nini kishi yake ya kwanza ilitoka majimaji, ngumu au yenye ganda bichi chini. Nitaieleza dhana hii kwa kutumia kishi ya samaki na mboga za majani, kwa kuwa mahitaji yake yote yanapatikana sokoni hapa Moshi.

Kishi ni ganda la unga wa ngano na mafuta, lililo wazi juu, ambalo ndani yake mchanganyiko wa mayai na maziwa umegandishwa kwa joto la wastani la oveni. Kiswahili kinatusaidia hapa kwa bahati njema, kwani neno moja limebeba nusu zote mbili za maana: ganda ni kitu cha nje, na kuganda ni kitendo cha kitu cha ndani. Samaki, mchicha, vitunguu na jibini ni wageni tu waliokaribishwa humo. Wanaweza kubadilishwa wote na kishi ikabaki kuwa kishi, lakini ukiondoa ganda au ukiondoa kuganda, umekwisha kupika chakula kingine.

Tofauti hiyo huonekana vizuri tukikilinganisha na vyakula tunavyovijua. Chipsi mayai nayo ni mayai yaliyogandishwa yakashika kitu kingine, lakini mayai yale hayana maziwa, huiva kwa dakika chache katika mafuta ya moto mkali, na hayana ganda la kuyabeba. Pai ya nyama inayouzwa madukani ina ganda, ila limefunika juu, na nyama iliyomo ilikuwa imekwisha kuiva kabla ya kuingizwa. Ndivyo ilivyo hata kwa sambusa na manda yake. Piza hubeba vitu juu ya mkate ulioumuliwa kwa hamira. Keki ina mayai, lakini huyachanganya na unga, na huwekewa baking'i pauda ili iumuke, ilhali kishi hujaa kidogo ikiwa katika oveni na kisha hutulia yenyewe ikipoa, wala mtu asiione hali hiyo kuwa kasoro.

Asili ya chakula hiki ni Lorraine, eneo la kaskazini-mashariki mwa Ufaransa linalopakana na Ujerumani, na jina lenyewe linatokana na lahaja ya huko, likiwa na undugu na neno la Kijerumani Kuchen, yaani keki. Lorraine ilikuwa na watawala wake hadi ilipoingizwa rasmi katika Ufaransa mwaka 1766, na baada ya vita vya 1870 na 1871 sehemu yake ikawa chini ya Ujerumani hadi 1918, kwa hiyo si ajabu chakula cha Kifaransa kuwa na jina lenye sauti ya Kijerumani. (Sisi tuliolichukua neno shule kutoka kwa Wajerumani hatuna haki ya kushangaa.) Kishi ya kwao ya kale ilitumia donge la mkate kama ganda, ikajazwa mayai, krimu na vipande vya nyama ya nguruwe iliyotiwa chumvi. Jibini, ambayo watu wengi leo hudhani ndiyo roho ya kishi, ilikuja kuongezwa baadaye. Kwa hiyo anayetumia samaki hajaharibu chochote.

Kitu kinachoganda ndani ya kishi huitwa kastadi, na hapa kuna neno linalopotosha. Kastadi tuliyoizoea, ile ya unga wa njano ya kwenye pakiti, huwa nzito kwa sababu ya wanga wa mahindi, na ndiyo maana huhitaji kuchemka. Kastadi ya kishi haina wanga. Uzito wake wote unatokana na protini za mayai, ambazo zikipata joto hufunguka, hushikana, na kufanya wavu mwembamba unaozuia maziwa yasitembee. Yai peke yake huanza kuganda likiwa na joto la nyuzi 60 na kidogo za Selsiasi, lakini maziwa yakilizimua, protini huwa mbali zaidi na kuganda husogea hadi karibu na nyuzi 80. Likipita nyuzi 85 hivi, wavu ule hukaza, huyakamua maziwa uliyoyashika, na ndipo unapoona vitundu vitundu na maji yanayochuruzika kisu kinapopita. Kwa ufupi, kishi yenye maji mara nyingi ni kishi iliyoiva kupita kiasi, si iliyoiva pungufu, ingawa mpishi anayeona maji hukimbilia kuirudisha motoni.

Jambo hilo linaondoa pia hofu ya wanaodhani kuwa nchi ya mlimani haifai kwa upishi huu. Mjini Arusha, ambako ni takriban mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzi 95 hivi, na kila mpika maharage anajua gharama yake. Kastadi lakini huganda chini kabisa ya kiwango hicho, hivyo mwinuko wa Arusha au wa Moshi hauidhuru.

Kipimo cha kukumbuka ni yai moja kubwa kwa mililita 120 hivi za maziwa. Kwa bati la kipenyo cha sentimita 23, mayai matatu ya kisasa na mililita 350 za maziwa hutosha. Ukitumia ya kienyeji, ambayo ni madogo, weka manne, nayo yatakupa rangi ya njano ambayo mayai ya kisasa mara nyingi hayana. Maziwa yawe halisi na yasiyopunguzwa mafuta, na kama una utando uliouengua juu ya maziwa yaliyochemshwa na kupoa, uchanganye humo, kwani mafuta hulainisha kastadi. Mtindi usiutumie badala ya maziwa. Piga mayai kwa uma taratibu, bila kutafuta povu, kisha chuja.

Kuhusu ganda, mkono uliozoea chapati una kazi ya kujizuia. Donge la chapati hukandwa sana, mara nyingi kwa maji ya vuguvugu, ili livutike. Donge la kishi linatakiwa livunjike mdomoni, kwa hiyo maji yawe baridi na kukanda kuwe kuchache iwezekanavyo. Gramu 200 za unga wa ngano husuguliwa kwa ncha za vidole na gramu 100 za siagi baridi na chumvi kidogo, hadi ufanane na chenga za mkate, kisha maji ya baridi vijiko vitatu au vinne vya chakula huongezwa ili tu ushikane. Siagi hufunika chembe za unga na kuzuia maji yasiziunganishe kuwa kamba; hiyo ndiyo siri ya wepesi wa ganda. Majarini hufanya kazi ileile kwa ladha pungufu. Donge hupumzishwa mahali pa baridi nusu saa, husukumwa juu ya kibao cha chapati, hutandikwa katika bati hadi kingoni, na huokwa kwanza likiwa tupu: litandikie karatasi ya kuokea, jaza maharage makavu ya kulikandamiza lisijikunje, lioke dakika 15 kwa nyuzi 190, ondoa maharage, kisha uliache dakika nyingine 5 hadi 8 likauke. Hatua hii huonekana ya anasa, na mimi niliiruka mara ya kwanza. Kastadi ilipenya katika ufa mdogo, ikaungua chini ya bati, na ganda likabaki bichi kama ugali uliokosa moto. Tangu siku hiyo hupaka pia ndani ya ganda ute wa yai linapotoka motoni, ili uzibe nyufa.

Sasa wageni. Samaki na mboga wana tabia moja inayowaunganisha, nayo ni maji, na maji yao yakitoka ndani ya kishi huizimua kastadi na kulowesha ganda. Kwa hiyo hakuna kinachoingia humo kikiwa kibichi. Moshi ina bahati ya kuwa karibu na bwawa la Nyumba ya Mungu, ambako perege huvuliwa, na sokoni wapo pia sato na sangara kutoka Ziwa Victoria. Perege ana ladha nzuri lakini ana miba, hivyo mvukishe, mchambue kwa vidole na uhakikishe mara mbili. Sangara hununuliwa akiwa minofu na humwepusha mpishi na kazi hiyo. Ukipaka limau, liwe la kuondoa shombo tu, kisha umkaushe samaki kwa kitambaa safi, kwani ukali wa limau ukifika kwenye maziwa huyakata. Chaguo langu ni samaki wa kukaushwa kwa moshi (nazungumzia moshi wa kuni, si mji). Moto umekwisha kumwondolea maji, na harufu yake husikika hata akiwa kidogo. Mloweke tu katika maji ya moto dakika chache, umwondoe ngozi na miba, na upunguze chumvi mahali pengine. Gramu 200 za mnofu uliochambuliwa zinatosha.

Kwa upande wa mboga, mchicha na spinachi huchemshwa dakika mbili, hupozwa, kisha hukamuliwa kwa mikono miwili bila huruma. Fungu kubwa litabaki ngumi moja, na hicho ndicho kiasi chako. Mnafu, mboga ya heshima katika nyumba za Uchagani, una uchungu unaoendana vizuri mno na samaki wa moshi, mradi umwage maji ya kwanza. Vitunguu vikaangwe polepole hadi vilegee. Karoti na pilipili hoho zikatwe ndogo na zikaangwe kidogo. Nyanya mimi siziweki, na atakayeziweka aondoe mbegu na maji yake yote.

Panga samaki na mboga ndani ya ganda, mimina kastadi iliyotiwa chumvi, pilipili manga na kungumanga kidogo, kisha oka kwa nyuzi 160 hadi 170 kwa dakika 35 au 40. Asiye na oveni anaweza kutumia sufuria kubwa yenye mchanga juu ya jiko la mkaa, akalipandisha bati juu ya vijiwe na kupalia makaa juu ya mfuniko kama wafanyavyo wapwani kwa mkate wa kumimina. Makaa ya chini yawe machache kuliko ya juu, maana ganda lake limekwisha kuokwa.

Epua kingo zikiwa zimeganda ilhali kati, ukilitikisa bati, bado panatetemeka kidogo kwa upana wa kifuniko cha chupa ya maji au zaidi kidogo. Joto lililobaki ndani litamalizia kazi, na kwa sababu hiyo kishi haikatwi mara moja bali baada ya dakika 20. Huliwa ya vuguvugu au iliyopoa, pamoja na kachumbari. Iliyobaki hukaa katika friji siku mbili, na hupashwa ndani ya oveni au katika kikaango kikavu kilichofunikwa, juu ya moto mdogo, kwani maikrowevu hulegeza ganda na kuikaza kastadi.